Hattie McDaniel hakuanzia kwenye Oscar

Kila msimu wa tuzo za sinema za Oscar ukifika picha ya Hattie McDaniel, muigizaji mweusi wa Marekani aliyeshinda tuzo hiyo zamani, inaanza kuzunguka mitandaoni, na chini yake watu wanaandika mambo ambayo nusu kweli nusu siyo. Huyu mama nampenda sana kwahiyo leo acha nimsemee.

Inayoniuma kuliko zote ni ile ya kwamba alikuwa hausigeli tu, wakamuokota wakampa muvi moja akashinda. Hapana jamani. Alizaliwa Wichita, Kansas, kitinda mimba kati ya watoto 13, baba yake alizaliwa mtumwa akaja kupigana vita ya wenyewe kwa wenyewe ya Marekani. Kakulia Denver, kaimba na bendi, kaimba redioni, karekodi blues miaka ya 1926 mpaka 1929, na nyimbo nyingine alitunga mwenyewe. Uchumi ulipoanguka 1929 ndo akajikuta Milwaukee anahudumia choo cha wanawake kwenye klabu moja, mpaka wakamruhusu apande jukwaani. 1931 akaenda Los Angeles ambako ndugu zake walishatangulia, na ni kweli huko alifua nguo na kusafisha nyumba za watu, ila ilikuwa riziki ya katikati ya kazi na kazi, maana mwanzoni sinema zilikuwa zinampa siku moja hapa siku mbili kule, mara nyingi bila jina lake kuandikwa.

Halafu kuna wanaosema muigizaji msaidizi ni yule aliyeshindwa kuwa staa. Tafuta Alice Adams ya 1935 uangalie ile sehemu ya chakula cha jioni. Joto kali, familia isiyo na hela inataka ionekane ina hela mbele ya mgeni, na Hattie ndo mpishi aliyekodiwa kwa usiku huo mmoja, kofia inamteleza, anatafuna bigijii, anapitisha sahani kama mtu aliyeshachoka nao wote, yaani maneno yake ni machache mno lakini macho yako hayamuachi, na yupo chumba kimoja na Katharine Hepburn, staa mkuu wa muvi hiyo! Sinema za sauti zilimfaa pia kwa sababu aliingia na sauti iliyoiva, 1934 tayari anaimba na staa Will Rogers kwenye muvi ya Judge Priest. Kwahiyo Gone with the Wind ya 1939, muvi iliyompa Oscar ya muigizaji msaidizi, ilimkuta fundi kabisa.

Eti alibeba ile sanamu ya dhahabu. Hakubeba. Tuzo ya waigizaji wasaidizi yenyewe ilianza kutolewa 1937, wakati Oscar ilianza 1929, na miaka ile ya mwanzo wasaidizi walipewa kibao kidogo tu, wote, weupe kwa weusi. Ubaguzi ulikuwa kwenye kiti. Usiku wa tarehe 29 Februari 1940, hoteli ya Ambassador, mtu mweusi wa kwanza kushinda Oscar aliwekwa meza ndogo pembeni ukutani, mbali na wenzake wa muvi ileile. Na miezi miwili nyuma kwenye uzinduzi wa muvi Atlanta hakuwepo kabisa, sheria za ubaguzi za kule hazikuruhusu.

Wengine wanadhani baada ya hapo milango ilifunguka. Akaendelea kupewa aproni na kitambaa cha kichwa, yaani nafasi za hausigeli, na NAACP, chama cha kutetea haki za weusi Marekani, nao wakamlaumu kwa kuzikubali hizo nafasi. Lawama yao naielewa, ila kumuita mwoga nakataa, kwa sababu 1945 majirani weupe wa mtaa wa Sugar Hill Los Angeles walipoenda mahakamani ili weusi wahamishwe, Hattie alikuwa kati ya waliosimama kupinga, pamoja na waigizaji weusi wenzake Louise Beavers na Ethel Waters, na wakashinda, miaka mitatu kabla Mahakama Kuu ya Marekani haijasema vilevile.

Alifariki Oktoba 1952 kwa saratani ya matiti. Alitaka azikwe makaburi ya Hollywood, wakamkatalia kwa rangi yake. Kile kibao aliwaachia Chuo Kikuu cha Howard na baadaye kikapotea, mpaka leo hakijaonekana, ila tarehe 1 Oktoba 2023 Academy, wale wanaotoa Oscar, walikipelekea chuo hicho kibao kipya chenye jina la Hattie.