Fidia ya Haki ni Nini, Serikali Inapoitwaa Ardhi Yako?

Kutwaa ardhi kwa lazima ni serikali kuichukua ardhi ya mtu hata kama hataki kuiuza, ili ijenge barabara, reli au bwawa. Ibara ya 40 ya Katiba ya Kenya ya 2010 inaruhusu hilo kwa ajili ya umma tu, na kwa sharti kwamba mwenyewe alipwe fidia ya haki, kamili na kwa haraka. Mwenye ploti Embakasi au Ruai, jijini Nairobi, anayeamka na kukuta wapima ardhi wamepiga vigingi karibu na ukuta wake ana haki ya kuyashika maneno hayo matatu na kuyadai moja moja.

Haki kwanza. Tume ya Taifa ya Ardhi hukadiria bei ya soko kama ilivyokuwa siku notisi ya kusudio la kutwaa ilipochapishwa katika Gazeti Rasmi la Serikali. Kanuni za 2017 za kukadiria fidia zinaongeza asilimia 15 ya bei hiyo kwa ajili ya usumbufu wa kuhamishwa. Ploti ya shilingi milioni 4 basi hufikia milioni 4.6. Nyumba iliyojengwa ndani ya miaka miwili kabla ya notisi huenda isihesabiwe, isipokuwa mwenyewe athibitishe kwamba aliijenga kwa nia njema, si kwa kuvizia fidia. Kwa hiyo risiti za saruji na mabati zitunze.

Kamili maana yake ni kulipa kila mwenye maslahi yaliyothibitishwa, na hapa ndipo wengi hukwama. Hati ikiwa bado kwa jina la babu aliyefariki, na mirathi haijafunguliwa, hakuna wa kukabidhiwa pesa. Ndugu wakigombana, fedha huwekwa katika akaunti maalum ya fidia mpaka ijulikane ni za nani. Barua ya ugawaji, yaani ile ya kumjulisha mtu kwamba amegawiwa ploti, pekee haitoshi: mwaka 2023 Mahakama ya Juu ilisema kwamba barua hiyo peke yake haimpi mtu umiliki. Na ardhi iliyothibitika kupatikana kinyume cha sheria haina ulinzi wa ibara ya 40.

Haraka ndilo neno linaloniuma. Marekebisho ya Sheria ya Ardhi yaliyofanywa mwaka 2019 yanalitafsiri kuwa muda unaofaa, usiozidi mwaka mmoja baada ya tume kuchukua ardhi. Mwaka mzima! Familia imeshahama, kodi ya nyumba inadaiwa kila mwezi, na bei ya ploti nyingine haimsubiri mtu. Sioni vipi hiyo inaitwa haraka.

Kabla ya malipo kuna kikao cha uchunguzi, ambapo tume husikiliza madai ya fidia, nacho hakifanyiki kabla ya siku 30 kupita tangu notisi ya kusudio ichapishwe. Dai lako liwasilishe kwa maandishi, kabla ya kikao au siku yenyewe, pamoja na hati, kitambulisho na makadirio ya mthamini wako mwenyewe ukiweza kumlipa. Usiende peke yako ikiwa una mke au mume. Sheria ya Ardhi ya 2012 inawahesabu kuwa wenye maslahi wenzi wa mwenye hati, na vilevile mtu anayeishi hasa kwenye ardhi hiyo pamoja na mwenzi wake. Mama ambaye jina lake halimo kwenye hati ana haki ya kusimama kikaoni na kusikilizwa.