Carles Puyol: Yanayosemwa Kuhusu Beki wa Jezi Moja, na Yaliyotokea Kweli

Mjadala wa wachezaji waaminifu ukianza kijiweni, jina la Carles Puyol, beki aliyecheza ukubwani kwa klabu moja tu, Barcelona ya Hispania, halikawii kutajwa. Anastahili. Shida ni kwamba wengi wanamsifu kwa mambo ambayo hayakutokea, huku yale aliyoyafanya kweli, na ambayo ni makubwa zaidi, yakiachwa.

Wapo wanaoamini alikulia La Masia, shule ya soka ya vijana ya Barcelona, tangu utotoni. Hapana, huyo ni Xavi au Iniesta, viungo waliocheza naye. Puyol alizaliwa 13 Aprili 1978 huko La Pobla de Segur, mji mdogo wa milimani mkoani Lleida, Katalunya, na alicheza kwao mpaka akafikisha miaka 17. Alianza soka akiwa kipa, mabega yakamsumbua, akasogezwa mbele akawa mshambuliaji. Barcelona walipomchukua mwaka 1995 walimchezesha kiungo mkabaji, kisha beki wa kulia. Ubeki ulimjia ukubwani.

Dhana inayoniuma zaidi ni hii: "Alibaki Barcelona kwa sababu hakuna aliyemtaka." Ukweli ni kinyume kabisa, maana klabu yenyewe ndiyo iliyokuwa tayari kumuachia. Mwaka 1998 Málaga, klabu nyingine ya Hispania, walileta ofa ya kumnunua, Barcelona wakaikubali. Kijana wa miaka 20, bado yuko timu B, akagoma kuondoka. Xavi, rafiki yake, alikuwa ameanza kupangwa timu ya wakubwa mwaka huohuo, na Puyol akaona kwamba mlango aliopita mwenzake naye ataupita. Kocha Louis van Gaal akampa mechi yake ya kwanza ya ligi 2 Oktoba 1999, dhidi ya Valladolid.

Na alichokikuta humo ndani hakikuwa asali. Watu hukumbuka makombe ya enzi ya kocha Guardiola wakadhani Puyol alipanda gari likiwa tayari kwenye mteremko. Misimu yake 5 ya kwanza Barcelona hawakubeba kombe lolote. Winga Luís Figo, kipenzi cha Camp Nou, uwanja wa Barcelona, akahamia kwa mahasimu Real Madrid. Makocha wakabadilishwa kama jezi: Van Gaal, Serra Ferrer, Rexach, Van Gaal tena, Antić, Rijkaard. Mchezaji aliyekuwa na nafasi ya kutafuta maisha kwingine ndio wakati wake huo. Puyol alibaki na ukame wote ule hadi ubingwa wa ligi wa 2004-05, msimu wake wa kwanza kama nahodha baada ya Luis Enrique kustaafu.

Katika miaka hiyo mikavu kuna siku mbili ambazo kwangu zinamueleza Puyol kuliko medali zote. Ya kwanza ni Oktoba 2000, Figo aliporudi Camp Nou mara ya kwanza na jezi nyeupe. Kazi ya kumkaba ilipewa Puyol, miaka 22, na alimganda kama kupe. Barcelona wakashinda 2-0. (Kile kichwa cha nguruwe ambacho mashabiki wa Barcelona walimrushia Figo uwanjani si cha siku hiyo. Kilirushwa Novemba 2002.) Ya pili ni mechi ya Ligi ya Mabingwa mwaka 2002 dhidi ya Lokomotiv Moscow. Kipa ameshapitwa, Mnigeria James Obiorah ana mpira na goli liko wazi mbele yake. Puyol anakimbilia golini, anasimama, anauweka mwili mbele ya shuti. Mpira unampiga kifuani, pale penye nembo ya klabu, unarudi.

Picha kama hizo ndizo zilizozaa dhana nyingine, kwamba alikuwa nguvu tupu na nywele, mpira hana. Sikubali. Beki mwenye sentimita 178 hadumu katikati ya ulinzi wa timu inayopanda mpaka nusu ya mpinzani na kuacha uwanja mzima nyuma yake, kama hajui kusoma mchezo. Alicheza kati, kulia na hata kushoto. Fainali ya Ligi ya Mabingwa ya 2009 mjini Rome alicheza beki wa kulia kwa kuwa Dani Alves, mwenye nafasi hiyo, alikuwa na adhabu, na Manchester United wakalala 2-0.

Kuhusu timu ya taifa kuna mkanganyiko mkubwa. Wengine husema yeye, Mkatalunya wa damu, hakuipenda Hispania. Aliichezea mechi 100, akashinda nayo medali ya fedha ya Olimpiki ya Sydney 2000 (waliofungwa na Cameroon kwa penalti walikuwa wao), Euro 2008 na Kombe la Dunia 2010. Wengine humpa unahodha wa kombe lile. Nahodha alikuwa Iker Casillas. Wengine hata humpa bao la fainali, ambalo ni la Iniesta. Bao la Puyol ni la nusu fainali dhidi ya Ujerumani, mjini Durban, dakika ya 73. Kona ya Xavi, naye anatoka mbali akikimbia, anaruka juu ya kila mtu na kupiga kichwa kama anayepasua kuni. 1-0, ikaisha hivyo.

Utasikia pia kwamba ndiye aliyenyanyua kombe la Ligi ya Mabingwa ambalo Barcelona walilitwaa Wembley, London, mwaka 2011. Hakunyanyua. Aliingia dakika za mwisho kabisa, na wakati wa kupokea kombe ulipofika alimvisha beki mwenzake Eric Abidal kitambaa cha unahodha, na Abidal akalinyanyua. Abidal alikuwa amefanyiwa upasuaji wa uvimbe kwenye ini miezi miwili tu kabla, na alikuwa amecheza dakika zote 90. Nahodha gani anaacha nafasi ile? Nafasi ambayo mtu huota tangu akiwa mtoto?

La mwisho ni kwamba Barcelona walimtupa alipozeeka. Kilichomwondoa ni goti. Lilishamnyima Euro 2012, na upasuaji ukawa unafuatana. Mkataba wake ulikuwa unaendelea mpaka 2016, angeweza kukaa benchi akilipwa bila mtu kumuuliza. Tarehe 2 Machi 2014 Barcelona waliifunga Almería 4-1, na bao moja lilikuwa lake. Siku mbili baadaye aliwaita waandishi wa habari akatangaza kwamba msimu ukiisha anaondoka, miaka 2 kabla ya mkataba kwisha. Goti halikumruhusu kucheza tena. Mechi ile ya Almería, ya 593 akiwa na Barcelona, ikawa ya mwisho.