Jinai Zenye Mhuri: Ninavyoongoza Matembezi ya Historia ya Giza ya Dar es Salaam

Wageni waliowahi kufika London huniuliza swali moja kabla hatujakubaliana hata bei: Dar es Salaam nayo ina Jack the Ripper wake? Kule Whitechapel, ambako mwaka 1888 wanawake kadhaa waliuawa na mtu ambaye hakukamatwa kamwe, watu hulipa kuongozwa vichochoroni jioni na kusimuliwa habari za visu na damu. Matembezi ya namna hiyo yana wateja katika miji mingi duniani, na sasa hapa kwetu pia yanaulizwa. Mimi ninayaongoza, katikati ya jiji, kwa miguu. Jibu langu kwa wageni hao ni kwamba jinai kubwa za mji huu zilitendwa mchana kweupe na watu wenye ofisi, makarani na mihuri. Anayezitafuta na aanze na majengo mazuri.

Ndiyo maana tunakutana Boma la Kale, Barabara ya Sokoine, saa kumi na mbili na nusu asubuhi, kabla jua halijakaza na Posta haijafurika magari. Jengo hilo lilisimama mwaka 1867 hivi, enzi za Sultani Majid bin Said wa Zanzibar, aliyeamua kujenga mji mpya jirani na kijiji cha Mzizima. Wengi hukimbilia kupiga picha mlango wa nakshi. Huwaomba wasogee ukutani kwanza. Ni mawe ya matumbawe yaliyofungwa kwa chokaa, na juu ni boriti za mikoko. Yote yalikatwa, yakabebwa na kupangwa kwa mikono na mabega ya watu. Mabega ya nani? Uchumi wa Zanzibar wa wakati ule ulikuwa wa watumwa, na mashamba ya minazi ya Majid yaliyouzunguka mji huu yalilimwa na watumwa.

Hapo watu huanza kunijibu kwamba Mjerumani alipoingia, hilo likaisha. Halikuisha. Wajerumani walipiga vita biashara ya watumwa, utumwa wenyewe wakauacha. Walitoa hati za uhuru, karatasi yenye mhuri wa serikali, kwa mtumwa aliyejikomboa au aliyekombolewa na mtu mwingine. Mwaka 1904 wakatoa amri kwamba watoto watakaozaliwa baada ya mwisho wa 1905 watakuwa huru. Wazazi wa watoto hao wakabaki walivyokuwa. Sheria iliyoufuta utumwa Tanganyika ililetwa na Waingereza mwaka 1922. Babu wa mtu wa makamo tunayepanda naye mwendokasi leo angeweza kuzaliwa mali ya mtu mwingine, na sheria ikamtambua hivyo.

Kutoka Boma tunaufuata ufukwe kuelekea Kivukoni, na katika kipande hiki kifupi cha njia ndipo ninapokaa muda mrefu kuliko penginepo. Mwaka 1891 Dar es Salaam ilichukua nafasi ya Bagamoyo kama makao makuu ya koloni. Barabara zikahitaji vibarua, na sehemu ya vibarua hao walikuwa wafungwa waliounganishwa shingoni kwa mnyororo mmoja. Maofisini kulikuwa na kiboko, mjeledi wa ngozi ya mnyama huyo mwenyewe. Watu waliita adhabu yake hamsa ishirini, yaani ishirini na tano, na idadi hiyo haikuzuka hivi hivi. Iliandikwa. Mwezi Aprili 1896 Kansela wa Ujerumani, Hohenlohe, alitoa amri ya kusimamia adhabu kwa wenyeji wa makoloni. Naieleza kipengele kwa kipengele, polepole, kwa sababu ndani yake mmejaa kila kitu ninachotaka mtu aelewe kuhusu jinai yenye mhuri. Viboko visizidi 25 kwa mkupuo. Adhabu moja inaweza kutekelezwa kwa mikupuo miwili, na wa pili usije kabla ya wiki mbili kupita. Mzungu awepo akishuhudia. Daktari, kama yupo, naye awepo. Wanawake wasichapwe. Waarabu na Wahindi wasichapwe.

Ukiisoma haraka unaweza kudhani ni amri ya huruma, maana inaweka mipaka. Ila hebu ifikirie ile wiki mbili. Kuna mtu aliyekaa mezani akahesabu siku ambazo mgongo wa binadamu unahitaji kabla ya kuanza tena, kisha akaweka sahihi. Na ule mstari wa mwisho, wa nani achapwe na nani asichapwe, ndio mstari uliougawa mji. Kanuni za ujenzi za Wajerumani zilitenga maeneo kwa aina ya nyumba, na aina ya nyumba ilikuwa njia ya kusema rangi ya mtu: Uzunguni huku pwani, Uhindini katikati, Uswahilini kule nyuma. Waingereza waliurithi mpango huo na kuuendeleza. Anayetembea nami kutoka Kivukoni hadi Mnazi Mmoja anauvuka mstari ule kwa miguu yake, na bado unaonekana ukijua pa kutazama: upana wa barabara unavyopungua, miti ya kivuli inavyoadimika.

Mbele ya Ikulu hatusimami sana, na kamera zinaingia mfukoni. Hilo huwa nalisisitiza mapema kwa sababu si mahali pa kujaribu. Nasema jambo moja tu tukiwa tunapita. Hapo ndipo ilipokuwa nyumba ya gavana wa Kijerumani, kabla ya mizinga ya Waingereza kuibomoa mwaka 1914, na gavana aliyekuwepo Vita vya Maji Maji vilipozuka mwaka 1905 alikuwa Gustav Adolf von Götzen. Chini ya utawala wake jeshi lilichoma vijiji, mashamba na maghala ya chakula kusini mwa nchi ili njaa imalize kile ambacho risasi hazikumaliza. Makadirio ya wanahistoria yanafika watu 300,000 waliokufa, wengi wao kwa njaa. Hakuna mti wala ukuta hapa Dar wenye alama ya risasi za vita vile. Kulikuwa na nyumba hii tu, yenye upepo mzuri wa bahari.

Nina neno kwa waongozaji wenzangu, hasa vijana wanaoingia katika kazi hii sasa. Karibu kila mji wa pwani una mti unaodaiwa kuwa ndio Wajerumani walikonyongea watu. Mgeni hupenda mti wa kunyongea. Hupiga picha na kutoa bahashishi. Ila kama humjui aliyenyongwa kwa jina, wala mwaka, wala kosa aliloshtakiwa, umemnyonga mara ya pili kwa kumgeuza pambo. Wapo walionyongwa tunaowajua. Abushiri bin Salim, aliyeongoza vita vya watu wa pwani dhidi ya Wajerumani, alinyongwa Pangani Desemba 1889. Kinjekitile Ngwale, mganga wa Maji Maji, alinyongwa Mohoro Agosti 1905. Wasimulie hao, hata kama mti wao hauko njiani kwako.

Mahakama Kuu, hapo hapo Kivukoni, ni kituo ambacho Watanzania hukipenda kuliko wageni wa nje. Mwaka 1970 walifikishwa mbele ya Jaji Mkuu Telford Georges washtakiwa wa kesi ya kwanza ya uhaini tangu uhuru. Miongoni mwao alikuwa Bibi Titi Mohamed, mwanamke aliyekuwa amewatoa wanawake wa Dar majumbani mwao kwa maelfu na kuwaingiza TANU, na Michael Kamaliza aliyekuwa waziri. Oscar Kambona, aliyetajwa kuwa kinara, alikuwa London. Mapema 1971 Bibi Titi alihukumiwa kifungo cha maisha; mwaka uliofuata Rais Nyerere akamwachia huru. Mimi sitoi hukumu ya pili pale kwenye ngazi. Nawaambia tu waliweke jina lake akilini, kwa sababu saa mbili baadaye tutatembea juu ya barabara yenye jina hilo. Nyerere mwenyewe alishawahi kutiwa hatiani katika mji huu, mwaka 1958, kwa kosa la kuwakashifu wakuu wawili wa wilaya wa Kiingereza katika jarida la TANU, alilipa faini.

Makumbusho ya Taifa tunaingia ndani, na hapo nabadilisha hata sauti. Kuna kumbukumbu ya shambulio la bomu la Ijumaa tarehe 7 Agosti 1998 kwenye ubalozi wa Marekani. Watu 11 walikufa hapa Dar, na Nairobi asubuhi ile ile wakafa zaidi ya 200. Waliokufa hapa wana ndugu, wajane na watoto ambao sasa ni watu wazima, na naweza kukutana na mmoja wao kwenye daladala jioni hii. Kwa hiyo sisimulii miili. Nasimulia lori lililobeba mabomu, lori la maji lililokuwa katikati yake na jengo, na kesi zilizofuata huko New York.

Kwa sababu hiyo hiyo kuna mahali sipeleki watu, hata wakiongeza fedha. Msitu wa Pande ni pamoja na hapo. Januari 2006 wafanyabiashara watatu wa madini na dereva teksi waliuawa huko mikononi mwa polisi, na tume iliyoongozwa na jaji ikathibitisha kwamba hawakuwa majambazi. Kesi ilifika Mahakama ya Rufani. Ni jinai yenye mhuri kabisa na ingefaa hoja yangu kuliko nyingine zote. Lakini familia zao hazikuniomba niwageuze marehemu wao kituo cha matembezi, na msitu hauna cha kumfundisha mgeni ambacho hukumu ya mahakama haikusema vizuri zaidi.

Mtaa wa Samora tunapita kwenye Sanamu ya Askari, iliyowekwa mwaka 1927 kuwakumbuka Waafrika waliotumikia jeshi la Waingereza katika Vita vya Kwanza vya Dunia. Kabla yake mji ulikuwa na sanamu ya Hermann von Wissmann, yule aliyeizima vita ya Abushiri. Iliwekwa 1909, Waingereza wakaiondoa, ikaishia Hamburg, na huko wanafunzi wakaiangusha miaka ya 1960. Kibao cha Askari kinawataja pia wapagazi, na kinawasifu kuwa walikuwa miguu na mikono ya jeshi. Makumi ya maelfu ya miguu hiyo ilikufa kwa kuhara, malaria na uchovu. Aliye juu ya jiwe ni mwenye bunduki.

Mtaa wa Nkrumah ndiko zilikokuwa ofisi za Frelimo, chama cha ukombozi wa Msumbiji. Tarehe 3 Februari 1969 kiongozi wake, Eduardo Mondlane, alichukua barua na vifurushi vyake akaenda kufanyia kazi Oysterbay, kwenye nyumba ya rafiki iliyo karibu na bahari. Kifurushi kimoja kilikuwa na kitabu, na kitabu kilikuwa na bomu. Alizikwa Kinondoni, baadaye mabaki yake yakahamishiwa Maputo. Hakuna mahakama iliyowahi kumtia mtu hatiani.

Zamani matembezi yangu yaliishia Mnazi Mmoja. Kisha mama mmoja wa Ilala, aliyekuja na wanawe, akanishika mkono tukiwa tunaagana: "Mwanangu, umetusimulia Wajerumani na Waingereza vizuri. Sasa mbona mumiani umewaruka?" Alikuwa na haki ya kuuliza. Tangu hapo wenye nguvu tunaendelea kwa Barabara ya Bibi Titi, kisha Morogoro, hadi Faya, penye kituo cha zimamoto.

Wakati wa ukoloni, watu wengi wa mji huu waliamini kwamba wazimamoto ndio mumiani, kwamba huwakamata watu usiku na kuwanyonya damu ya kutengenezea dawa. Wakubwa wa Kiingereza waliliita jambo hilo ushirikina. Mimi, tukiwa tumesimama hapo magari yakipita, namwomba mtu ajiweke katika nafasi ya kibarua wa Kariakoo wa miaka ya 1950. Serikali inakutoza kodi na kukusimamisha usiku kudai vibali. Inawakusanya wasio na kazi na kuwarudisha bara kwa nguvu. Ina gari jekundu linalokimbia gizani likiwa na wanaume waliovaa sare, wanaoingia nyumba ya mtu bila kubisha hodi. Hospitalini inatoa damu kwa sindano, na mgonjwa haelezwi inakwenda wapi. Mwaka 1959 uvumi huo ulizusha ghasia Buguruni, na askari polisi akauawa na umati. Yeye pia ni marehemu wa historia hii na simwachi nje.

Kwenda Buguruni kwa miguu jua likiwa limeshakaza ni mateso, kwa hiyo Faya ndipo tunapoachana. Anayetaka kufika huko namwelekeza daladala.