Miaka tisa ya kibarua kwenye kaunti: kifungu cha 37 cha Sheria ya Ajira kinakupa nini?

Mama mmoja alikuja ofisini kwangu Jumatatu. Amefagia soko la kaunti kwa miaka tisa, analipwa kwa siku, na hajawahi kupewa barua hata moja. Swali lake nalisikia karibu kila wiki: "Wakili, miaka yote hii, bado mimi ni kibarua tu?"

Hapana mama, kisheria wewe si kibarua tena. Lakini hujawa mwajiriwa wa kudumu mwenye pensheni pia, na wengi hupoteza kesi kwa kutotenganisha mambo haya mawili.

Sheria ya Ajira ya Kenya ya mwaka 2007 inasema kibarua ni mtu anayelipwa mwisho wa siku, na haajiriwi kwa zaidi ya saa 24 kwa mara moja. Kifungu cha 37 kinaongeza kwamba akifanya kazi siku mfululizo zinazofika mwezi, au akipewa kazi isiyotarajiwa kuisha chini ya miezi mitatu, mkataba wake unahesabiwa kuwa wa mshahara wa mwezi. Soko lililofagiwa leo kesho lina taka tena. Kazi hiyo haina mwisho. Akipitisha miezi miwili, anastahili masharti yale yale ambayo angepata kama hangeanza kama kibarua: likizo ya siku 21 kwa mwaka, notisi ya siku 28, na kutofutwa bila sababu halali wala bila kusikilizwa.

Pensheni ya serikali ni mlango mwingine. Ibara ya 232 ya Katiba inataka watu waingie utumishi wa umma kwa ushindani wa haki na kwa sifa zao, na nafasi za kaunti hutangazwa na bodi yake ya utumishi wa umma. Msimamizi wa soko aliyekuita asubuhi hana mamlaka ya kukupa kazi ya kudumu yenye pensheni, hata akikuita kila asubuhi kwa miaka tisa. Jaji naye anawafikiria vijana waliokuwa wakingoja tangazo ambalo halikutolewa.

India wamelipigania jambo hili kwa muda mrefu. Mwaka 2006, katika kesi ya Umadevi, majaji watano wa Mahakama ya Juu walisema kwamba kutumika miaka mingi peke yake hakumpi mtu haki ya kuthibitishwa kazini, yaani kufanywa mwajiriwa wa kudumu. Desemba 2024, katika kesi ya Jaggo, mahakama hiyo hiyo iliagiza wafagizi na mtunza bustani waliotumikia Tume ya Kati ya Maji kwa miaka mingi wathibitishwe, ikakataa hukumu ya 2006 itumiwe kuwanyonya watu kama hao. Hukumu za India hazizifungi mahakama zetu, lakini hoja hiyo naiona ya haki na nitaendelea kuitoa hapa.

Kwa sasa, dai kile ambacho sheria inakupa waziwazi: likizo ambazo hukupewa, notisi, malipo ya utumishi (ya kila mwaka uliofanya kazi) kama mwajiri hakukuchangia NSSF, na ukifutwa kwa dhuluma, fidia isiyozidi mishahara ya miezi 12.

Ushahidi ndio unaotuangusha. Kuna waajiri wanaowasimamisha watu siku chache kisha kuwarudisha, ili mfululizo ukatike. Unyama huo nimeuona mara nyingi mno. Tena, anayelipwa kwa kipande, kwa gunia au kwa tani, hayumo katika kifungu cha 37. Mwaka 2017 wafanyakazi 68 wa chumvi kule Pwani walishindwa hivyo katika Mahakama ya Rufaa. Kwa hiyo weka taarifa za M-Pesa, picha za orodha ya zamu, na majina ya mliofanya kazi pamoja.

Na ukifutwa, una miaka mitatu ya kushtaki. Barua za kubembelezana na ofisi hazisimamishi hesabu hiyo.

Yule mama ana daftari alimoandika kila siku aliyofagia tangu mwaka wa pili. Nimemwomba alilete Ijumaa.