Posho ya kukaimu haidaiwi kwa mihtasari ya vikao

Kila mwaka, tarehe 16 hadi 23 Juni, Wiki ya Utumishi wa Umma hututoa maafisa utumishi ofisini tukakae na watumishi wenzetu. Safari hii hapa Tanga, malalamiko yaliyoijaza meza yetu yalikuwa ya posho ya kukaimu, yaani malipo ya anayeshika kwa muda nafasi ya juu yake. Waliokuja wametoka mjini, Muheza, Mkinga, hata ng'ambo ya mto Pangani, na sina shaka kwamba karibu wote wameifanya kazi wanayoidai.

Mama mmoja, afisa ugavi, alifika na bahasha ya kaki iliyochanika pembeni.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Ushahidi wote umo humu."

Akazipanga karatasi mezani moja moja: mihtasari ya vikao vya menejimenti, mwaliko wa Kamati ya Fedha, madokezo yenye saini yake. Miezi 14 aliendesha kitengo baada ya mkuu wake kuhamishwa. Nilizisoma zote. Kila penye saini yake paliandikwa "Kny", yaani kwa niaba ya. Karatasi ya kumteua haikuwepo.

"Kny" si Kaimu. Anayesaini kwa niaba anatumia madaraka ya mwenye nafasi, hata kama mwenyewe ameshaondoka. Kaimu ameteuliwa kwa maandishi na mamlaka husika, na barua yake inataja nafasi na tarehe ya kuanza. Kwa ukuu wa idara au kitengo, kinatakiwa pia kibali cha Katibu Mkuu Utumishi. Barua ya mkurugenzi bila kibali hicho huwa hoja ya ukaguzi, na Mkaguzi Mkuu ameliandika jambo hili katika taarifa zake mara nyingi.

Hesabu yenyewe ni nyepesi. Posho ni tofauti kati ya mshahara wako na mshahara wa nafasi unayokaimu. Tuseme unapokea Sh 1,000,000 na nafasi ile ni ya Sh 1,450,000. Posho ni Sh 450,000 kwa mwezi. Kama mshahara wako umeshaufikia au kuupita ule wa nafasi, hakuna tofauti ya kulipwa, na hapo hakuna aliyekudhulumu. Posho hii si mshahara mpya: cheo chako kinabaki kilekile, na haiingii katika hesabu ya mafao ya kustaafu.

Walimu nao naomba wanisikilize. Sh 200,000 anazolipwa mwalimu mkuu kila mwezi, au Sh 250,000 za mkuu wa shule ya sekondari, ni posho ya madaraka. Ni kitu kingine kabisa. Kila wiki napokea barua inayozichanganya hizi mbili, na kila wiki naandika jibu lilelile.

Kuna na hili la miezi sita. Kanuni za Kudumu za Utumishi wa Umma za mwaka 2009, kanuni D.24, hazitarajii mtu akaimu nafasi iliyo wazi zaidi ya miezi sita. Ndani ya muda huo mamlaka ya uteuzi inapaswa iwe imekamilisha kumpata mwenye nafasi. Watu wameligeuza wakasema ukimaliza miezi sita umethibitishwa kwenye nafasi hiyo. Hapana! Huthibitishwi kwa kuhesabu miezi. Muda huo ni deni la mamlaka, na ofisi zinazomwacha mtu akikaimu miaka miwili, huku zikijua, zinamwonea. Nalisema hili nikiwa ndani ya utumishi huohuo.

Sasa utaratibu. Ukikabidhiwa ofisi kwa mdomo, fanya kazi, lakini wiki hiyohiyo mwandikie mwajiri kupitia mkuu wako wa kazi, uombe uteuzi wa maandishi. Peleka barua masijala, ofisi inayopokea na kutunza barua na majalada, ubaki na nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Barua ya uteuzi ikitoka, hakikisha nakala imeingia kwenye jalada lako binafsi. Ukiona kimya, andika tena ukirejea tarehe ya barua ya kwanza. Usikimbilie Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, inayoshughulikia migogoro ya kazi: tangu marekebisho ya sheria ya mwaka 2016, mtumishi wa umma anapaswa kumaliza kwanza njia zilizomo katika Sheria ya Utumishi wa Umma, Sura 298.

Na tafadhali, asitokee wa kukuandikia leo barua yenye tarehe ya mwaka jana. Hiyo ni kughushi, kosa la jinai chini ya Kanuni ya Adhabu, Sura 16. Kinidhamu inaweza kuishia kwa kushushwa cheo, kupunguzwa mshahara au kufukuzwa kazi, na afisa aliyeidhinisha malipo yasiyostahili anaweza kutakiwa kufidia fedha hizo mwenyewe. Nimewahi kuwaona wawili wakiponzwa na barua moja, aliyeiandika na aliyeipokea.

Yule mama sikuweza kumwahidi miezi 14. Nilimweleza hivyo waziwazi, akanyamaza kitambo akizirudisha karatasi kwenye bahasha. Kisha akaomba kalamu. Tukaandika palepale barua ya kuomba uteuzi wa maandishi, ikieleza tangu lini anakiendesha kitengo na kwa maelekezo ya nani, tukaambatisha mihtasari. Kesho yake asubuhi alipita kunionyesha nakala. Muhuri wa masijala ulikuwa bado haujakauka.