Nani hasa aliyeanzisha The Rolling Stones

Wengi husimulia kwamba The Rolling Stones, bendi ya roki ya Uingereza, ilizaliwa mwaka 1961 katika stesheni ya reli ya Dartford, mpiga gitaa Keith Richards alipomwona mwimbaji Mick Jagger akiwa na santuri za wanamuziki wa Marekani Chuck Berry na Muddy Waters. Kukutana huko ni kweli kabisa. Ila bendi haikuanzia hapo.

Mwanzilishi ni Brian Jones, mpiga gitaa kutoka Cheltenham. Mwaka 1962 alitoa tangazo kwenye gazeti la Jazz News akitafuta wanamuziki, na wa kwanza kuitika alikuwa mpiga piano Ian Stewart. Jagger na Richards walikuja baadaye. Hata jina alilitoa yeye: Richards amesimulia kuwa Jones alikuwa kwenye simu, akaulizwa bendi yenu inaitwaje, macho yakatua kwenye santuri ya Muddy Waters iliyolala sakafuni, yenye wimbo “Rollin’ Stone”.

Kwa nini akasahaulika? Nadhani ni kwa sababu nyimbo zilitungwa na Jagger na Richards, na mwenye nyimbo ndiye hushika usukani. Jones aliondoka Juni 1969. Haikutimia hata mwezi, akafariki akiwa na miaka 27.