Kazi ya Mabaharia wa Majahazi Haikuishia kwenye Upepo

Wengi huamini kwamba, kaskazi ikishavuma, tanga lilifanya kazi yote na mabaharia wa majahazi ya Bahari ya Hindi walikaa tu wakisubiri kufika Zanzibar. Ni kweli kwamba upepo huo, unaovuma takriban kuanzia Desemba hadi Machi, ndio ulioyaleta majahazi ya Oman na Kuwait pwani yetu, na kusi ndiyo iliyoyarudisha.

Hata hivyo, foromali, boriti ndefu inayobeba tanga, ilikuwa nzito mno, ikapandishwa na watu wengi wakivuta kamba pamoja kwa wimbo. Na jahazi kubwa lilipogeuza upande wa upepo, ililazimu kuihamishia upande wa pili wa mlingoti, kazi ya hatari hasa usiku. Maji ya ngama, yaani yaliyokusanyika chini kabisa ya chombo, nayo yalihitaji kufuliwa, yaani kuchotwa na kumwagwa nje, safarini.

Kinachosahauliwa zaidi, kwa maoni yangu, ni kazi ya bandarini. Maji yalipokupwa, mabaharia hao hao walikwangua chombo, wakakikalafati, yaani wakaziba nyufa za mbao zake, kwa pamba iliyotiwa mafuta na kukipaka deheni ya chokaa na shahamu. Waliokwenda delta ya Rufiji walipakia boriti za mikoko kwa mikono, katika tope na joto kali. Katika majahazi ya Kuwait malipo hayakuwa mshahara wa mwezi, bali mafungu ya faida yaliyogawanywa baada ya gharama kutolewa, na si wachache waliong'oa nanga wakiwa tayari wanadaiwa.